Migomba Iliyovuka Mpaka

Nchi yenyewe haitatajwa jina humu. Si kwa woga. Ni kwamba siku majimbo yake sita yalipokutana kuchagua jina, kila moja lilikuja na lake mfukoni, wajumbe wakashikana mashati kutwa nzima, kisha wakakubaliana kwamba kwa muda tu iitwe Shirikisho. Na muda huo haujaisha hadi leo. Ina bendera nzuri ya rangi sita, ila haipandishwi, kwa kuwa haijaamuliwa rangi ipi ikae juu. Ina wimbo wa taifa, ila hupigwa mluzi tu, maana maneno yangelazimika kuwa ya lugha ya mtu fulani. Ukiacha hayo, ni nchi kama nchi nyingine zote: mvua inanyesha, viongozi wanahutubia, na watu huzaliwa uchi, bila karatasi yoyote mkononi.

Hilo la mwisho ndilo lililoiudhi serikali.

"Mtu anatoka tumboni hivi hivi tu!" alinguruma bungeni Waziri wa Umoja na Utengano, Mheshimiwa Tegemeo Lukwale, huku akijifuta jasho kwa leso ya rangi sita. "Hana jimbo mkononi, hana jimbo usoni, halafu anajiita raia. Raia wa hewani? Waheshimiwa, uraia wa taifa ni paa. Jimbo ni ukuta. Nani humu ndani amewahi kuona paa linaelea?"

Wabunge wakapiga meza. Mmoja aliyeuliza kama nyumba hiyo itakuwa na mlango alitolewa nje kwa utovu wa nidhamu. Naye alichelewa kutoka, kwa sababu ukumbi ule una milango sita na ilibidi kwanza uthibitishwe ule wa kwao.

Ndivyo ilivyopatikana Sheria ya Kitovu. Ilikuwa fupi: mtu ni wa jimbo pale kilipozikwa kitovu chake, na asiye na jimbo hana taifa. Ilipita bila kurushiana viti, maana lilikuwa jambo pekee ambamo mila za majimbo yote sita zilifanana. Kitovu cha mtoto mchanga kikishakauka na kudondoka, huzikwa ardhini. Na mtu mzima akisema "pale ndipo kilipozikwa kitovu changu," basi amemaliza, haulizwi tena. Watu walikuwa wakilisema neno hilo kwa mapenzi. Serikali ikalisikia, ikalipenda, ikalipigia mhuri.

*

Katika mji wa Kitalu, habari hizo zilipokelewa kwa vicheko. Kitalu ni mji mdogo ulioegemea mpaka wa Jimbo la Mawio na Jimbo la Machweo. Mpaka wenyewe ulikuwa mstari wa mawe yaliyopakwa chokaa, ukipita nyuma ya mji, nyuma ya hospitali, nyuma ya gereji ya baiskeli, ukakata katikati ya shamba la Bi. Sikudhani. Mbuzi walikuwa wakijikuna kwenye mawe hayo. Hakuna mtu aliyekumbuka mara ya mwisho yalipofanya kazi nyingine.

Bi. Sikudhani alikuwa mkunga wa mji huo kwa miaka arobaini na mitatu. Mwanamke mfupi, mpana, mwenye mikono ya baridi na mdomo wa moto; mama mzazi akipiga kelele kupita kiasi, yeye humwambia, "Piga taratibu mwanangu, huyu anayekuja atadhani amekosea nyumba." Na alikuwa na utaratibu wake ambao hakuuiga kwa mtu. Kila kitovu kilichodondoka alikizika mwenyewe, shambani kwake nyuma ya nyumba, na juu yake akapanda chipukizi la mgomba. Mkungu wa kwanza ulikuwa wa mama mzazi, mikungu iliyofuata ilikuwa ya mkunga. Basi shamba lake likawa ni mji wa pili. Mashina mia sita na kumi na mawili, na kila moja alilijua kwa jina.

"Huu ni wa Tindo kinyozi," angekuambia akipita na jembe begani. "Huu wa yule mwizi wa kuku, na angalia ulivyonawiri, Mungu hana upendeleo. Huu wa diwani. Miaka thelathini na minane, haujazaa hata ndizi moja."

Mgomba alioupenda kuliko yote ulikuwa wa Mwavita, binti yake wa pekee. Maji ya kuoshea vyombo, majivu ya jikoni, samadi ya jirani aliyelala akiamini anayo, vyote vilimwagwa pale.

Na Mwavita alikuwa na mimba ya miezi saba. Hapo ndipo kicheko cha Bi. Sikudhani kilipokuwa na shimo. Yeye aliyepokea mji mzima asingeweza kumpokea mjukuu wake mwenyewe. Uzazi wa kwanza wa Mwavita ulikwisha kwa kisu, mtoto akafa, na daktari akasema wazi: safari ijayo ni kisu tena, tena mapema; uchungu ukimkuta nyumbani, ule mshono wa zamani utapasuka ndani kwa ndani, na hakuna mkono wa mkunga utakaouziba. Hospitali yenyewe haikuwa mbali, hatua mia mbili kutoka mlangoni, upande wa Mawio. Mume wa Mwavita alikuwa akichimba chumvi jimbo la nne, na tangu sheria itoke alishindwa kuyavuka majimbo mawili yaliyo katikati. Kwa hiyo walibaki mama na bintiye, na zile hatua mia mbili.

Ndipo likabandikwa tangazo kwenye mlango wa hospitali: kuanzia tarehe mosi ya mwezi ujao, wataingia wenye kadi ya Mawio tu.

"Sasa unanuna nini, mama?" Mwavita alimtania. "Kitovu changu umekizika wewe. Au ulikipoteza, unanificha?"

"Nyamaza, kunguru wee," Bi. Sikudhani akacheka. "Mimi nipoteze?"

*

Tume ya Vitovu ilifika na hema, bendi ya matarumbeta na Kamishna. Kamishna Aloisi Ngwembe alikuwa mtu mpole, msafi, mwenye sauti ya mtu anayesoma hadithi kwa wagonjwa. Alipoambiwa kwamba vitovu vya mji mzima vimo katika kichwa cha bibi mmoja, alisimama akamwinamia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

"Mama, kuanzia leo wewe si mkunga tu. Shirikisho limekuteua kuwa Shahidi Mkuu wa Taifa wa Vitovu."

Wakamvika mkanda wa rangi sita kifuani, wakampa kiti cha plastiki kilichoandikwa MALI YA MAJIMBO YOTE, na bendi ikapiga mluzi wa taifa. Bi. Sikudhani alijitazama, akaona umbo lake halijawahi kupendeza hivyo. Kusema kweli alifurahi. Miaka arobaini na mitatu alilipwa kwa ndizi. Leo serikali ilikuwa ikimsikiliza.

Kwa siku kumi watu walipita mmoja mmoja mbele ya kiti. Yeye alitaja mgomba, karani aliandika.

"Shani binti Kauchumbe?"

"Shamba langu, mstari wa tatu. Alitanguliza miguu huyo, na mpaka leo haingii mahali kwa adabu."

"Jimbo?"

"Shamba langu liko wapi, mwanangu? Mawio."

Mawio, Mawio, Mawio. Watu walitoka wanacheka, wanampigia vigelegele. Siku ya kumi na moja Kamishna alifunga daftari, akamwita pembeni.

"Mama, mia sita na kumi na wawili, wote Mawio?"

"Ndipo nilipowazika, upande huu wa mawe. Vitovu vyao, namaanisha, wewe usinitazame hivyo."

"Hili ni Shirikisho, mama. Lina mizani. Jimbo la Machweo liliahidiwa angalau mia tatu kutoka Kitalu. Idadi ya viti vyao bungeni inasubiri watu hao."

"Watu gani? Wapo huko wanawangoja?"

"Wanawangoja wawahesabu," alisema Kamishna taratibu. "Kuwapokea ni wizara nyingine."

Akasogea hadi kwenye mawe ya chokaa, akasimama mikono nyuma, akiangalia migomba iliyokuwa ng'ambo ya mstari. Ilikuwa mingi, mizuri, imejipanga upande wa Machweo kama wageni waliofika mapema.

"Na ile kule?"

Hapa ndipo Bi. Sikudhani alipokosea, na lilikuwa kosa la mtu anayeijua kazi yake na anayependa kuulizwa. Angesema "sijui," mambo yangekwisha. Lakini ni mkulima gani anayeulizwa habari za mgomba wake akasema hajui?

"Mgomba hutembea, mwanangu," alisema, akicheka ujinga wa wasomi. "Hukufundishwa? Mama anazaa mkungu, anakufa, chipukizi lililo ubavuni linashika nafasi. Na hilo nalo likifa, linafuata jingine. Kila mwaka hatua moja. Miaka thelathini, umehama."

"Unahama wenyewe?"

"Wenyewe wapi! Chipukizi hutoka kila upande. Mimi ndiye ninayechagua la kuacha, mengine nayang'oa. Na siku zote naacha la upande wa bondeni, huko kuna maji." Akapiga kifua, juu ya mkanda. "Ndiyo maana shamba langu halina mgomba wenye kiu."

Kamishna alimgeukia karani. "Andika. Shahidi Mkuu ameeleza kwamba migomba ilivuka mpaka wa jimbo. Kwamba aliishuhudia ikivuka. Kwamba yeye mwenyewe aliielekeza."

"Lakini vitovu vimebaki pale pale nilipovifukia!"

"Vina miaka mingapi ardhini, mama?"

"Vingine arobaini."

"Vitakuwa vimeoza. Kitovu kilichooza hakiwezi kutoa ushahidi." Akatabasamu kwa huruma ya kweli. "Mgomba upo, unaonekana, una majani. Mtu atafuata mgomba wake."

*

Wapimaji walihesabu kwa siku mbili. Ng'ambo ya mawe ilikutwa migomba mia tatu na minne. Mgomba wa diwani, usiozaa, haukuwa umesogea hata shubiri. Diwani akabaki Mawio, akatoa hotuba kuhusu uzalendo wa kutulia mahali pamoja. Mwizi wa kuku alikwenda Machweo. Walimu saba, fundi cherehani, mpiga kengele wa kanisa na muadhini, wote wawili, walikwenda Machweo. Orodha ikabandikwa kwenye mlango wa hospitali, juu ya lile tangazo, na watu wakaisoma kwa vidole.

Mwavita aliisoma mara moja tu. Mgomba wake, uliomwagiwa maji na majivu kuliko mingine yote, ulikuwa umetembea mbali kuliko mingine yote. Ulikuwa ndani ya Machweo kwa hatua kumi na tisa.

Alirudi nyumbani, akaketi kwenye mkeka, akanyoosha miguu iliyovimba.

"Mama, kumbe ulinipenda mpaka ukanihamisha nchi."

Bi. Sikudhani alikuwa akichambua mchele. Hakuinua uso. Chuya ziliingia kwenye mchele, mchele ukaingia kwenye chuya.

"Wanasema malori yanakuja Jumatatu," Mwavita aliendelea. "Kuturudisha kwetu. Nimeuliza hospitali ya kwetu iko wapi. Siku nne kwa gari, kama kuna gari." Akagusa tumbo. "Huyu amebakiza wiki tano. Daktari alisema nisizifikishe."

"Hutakwenda."

"Nitajificha wapi? Hospitali si wanataka kadi? Nikijificha, nitajificha na mshono wangu."

Mwavita ndiye aliyecheka wa kwanza, kwa mazoea ya nyumba ile, lakini kicheko kilimponyoka kabla hakijafika mwisho.

*

Kamishna hakushangaa kumwona Bi. Sikudhani. Alimvutia kile kiti cha plastiki nje ya hema, kando ya shamba.

"Mama, kumbukumbu za mtu mzima huyumba. Hakuna aibu. Shahidi akikumbuka upya, Tume huandika upya."

"Nikikumbuka nini?"

"Wewe ndiye Shahidi. Mimi nasema tu kwamba mizani lazima ikae. Machweo wameshapelekewa hesabu: mia tatu na wanne. Mmoja akirudi huku, mmoja anakwenda kule. Mmoja kwa mmoja. Hata sokoni ndivyo ilivyo."

Bi. Sikudhani aliyatazama mashina yaliyokaa hatua chache tu upande huu wa mawe, yale yaliyochelewa. Aliyajua majina yote. Hilo ndilo lilikuwa tatizo; laiti angekuwa amesahau hata moja. Huyu ana watoto wanne. Huyu mama yake kipofu. Huyu anakohoa. Huyu alikuwa pacha, mwenzake yuko chini ya mgomba huo huo. Macho yakasimama kwenye shina la Tindo kinyozi. Tindo alizaliwa wiki moja na Mwavita. Hana mke, hana mtoto, wazazi wamekufa. Mzima wa afya, mchangamfu, anaweza kuishi popote. Ndivyo alivyojiambia, na kila neno lilikuwa kweli.

"Ule wa kule, mbali kabisa," alisema, na sauti ilimtoka nzuri tu, haikutetemeka, "ni wa Tindo. Wa Mwavita ni huu hapa. Wamezaliwa wiki moja. Nilichanganya."

"Hutokea," alisema Kamishna, akachovya mhuri.

Tindo aliitwa kuweka sahihi. Alikuja na taulo begani, mkono mmoja una povu la sabuni, maana alimwacha mteja na nusu ya ndevu. Karani alimsomea. Tindo alimtazama karani, akamtazama Bi. Sikudhani, akapasua kicheko.

"Alaa! Miaka yote hii nanyoa vichwa vya watu hawa kumbe mimi ni kinyozi wa kigeni?"

"Unao pingamizi?" aliuliza Kamishna. "Una haki ya kupinga. Unatakiwa kuleta shahidi aliyekuwepo siku kitovu chako kilipozikwa, na ambaye si mkunga."

"Nimlete nani? Mimi mwenyewe nilikuwepo ila sikuwa makini." Akaweka sahihi. "Mkunga akisema ni ule, basi ni ule. Mkunga huyu hajawahi kukosea. Shikamoo, bibi, kaa salama. Mtunzie Mwavita mtoto wake."

"Marahaba," alisema Bi. Sikudhani.

*

Jumatatu malori yalipambwa kwa matawi. Kitambaa kikubwa kilitandazwa barabarani: KARIBUNI NYUMBANI, na watu walioishi Kitalu tangu kuzaliwa walipita chini yake wakitoka. Bendi ilipiga. Waziri Lukwale alituma hotuba, ikasomwa na diwani: "Leo hakuna anayefukuzwa. Anayefukuzwa huondoka kwao. Ninyi mnaondoka kwa watu." Muadhini na mpiga kengele walipanda lori moja, kila mmoja na godoro lake kichwani. Mwalimu mmoja aliyeshikilia mlango wa nyumba yake alibebwa pamoja na mlango.

Mwavita alipata kadi ya Mawio siku hiyo hiyo. Wiki tatu baadaye, asubuhi na mapema, alizitembea zile hatua mia mbili kwa miguu yake. Mlinzi alisoma kadi kabla ya kusoma uso. Daktari alimpasua, akamtoa mtoto wa kike, mzima, mwenye hasira. Kisha akatoka nje akamwambia Bi. Sikudhani kwamba ule mshono wa zamani ulikuwa umebaki mwembamba kama utando wa kitunguu. Siku mbili zaidi, alisema, tungezika wawili.

Bi. Sikudhani alikaa chini ya dirisha la hospitali akalia kwa furaha, kwa sauti, kama walivyolia mbele yake wanawake mia sita. Furaha ile ilikuwa halali yake, na alijua ameipata wapi.

*

Habari za waliorudishwa kwao zilifika zikichechemea. Machweo walikubali idadi, wakakataa watu. Wanasheria wao walikuwa na hoja safi: migomba ile ilivuka mpaka bila kibali, kwa hiyo ni migomba mihamiaji, na mwenye mgomba mhamiaji hawezi kuwa mwenyeji. Viti vya bunge walivichukua. Mia tatu na wanne wakashushwa mpakani, mwendo wa saa tatu kutoka Kitalu, ambako kila jimbo lilikuwa limepanga mstari wake wa mawe kwa kutomwamini mwenzake, na katikati pakabaki ukanda wa hatua arobaini usio wa mtu. Wakauzungushia waya, wakauita Kituo cha Subira.

Mvua ikanyesha. Choo kilikuwa kimoja, kikajaa. Wakaanza kuhara. Daktari wa Mawio hakuruhusiwa kuingia kwa kuwa si kwake, wa Machweo naye vivyo hivyo. Wiki ya kwanza walikufa tisa, ya pili ishirini na saba. Hawakuzikwa. Sheria iliyokuwepo ilikuwa ya vitovu. Ya maiti ilikuwa bado kwenye kamati, na mjumbe mmoja alikuwa ameomba muda wa kutafakari.

Siku ya nne baada ya mjukuu kuzaliwa, Bi. Sikudhani alifunga ndizi za kuchemsha kwenye kanga, akaenda. Harufu ilimpokea kabla ya waya. Aliuliza alipo kinyozi. Wakamwonyesha mtu ameketi juu ya ndoo iliyogeuzwa, shingo imekuwa nyembamba, macho yameingia ndani. Hakumtambua hadi alipocheka.

"Bibi! Umenifuata mpaka ng'ambo?" Tindo akajikokota, akashika waya. "Usiniangalie hivyo, sijafa. Waliokufa wamelala kule, tumewafunika maturubai. Nimewanyoa wote vizuri."

"Kula, baba." Alipenyeza ndizi moja moja kwenye matundu ya waya.

"Mwavita?"

"Amejifungua. Msichana."

"Alhamdulillahi! Huyo angekufa huku, bibi, nakwambia. Huku mwenye mimba alikuwa mmoja, mke wa fundi cherehani. Juzi tumemfunika." Alijaribu kutafuna, akaacha, akaiweka ndizi juu ya goti. "Sasa sikiliza. Nimewaza sana hapa, kazi ya huku ni kuwaza. Wale makarani wamekosea. Wewe ulisema sawa, wao wakaandika vibaya. Mistari yao ile, wanaandika huku wanapiga soga. Haiwezekani mimi niwe ule wa mbali. Marehemu mama alikuwa akinionyesha mgomba wangu kila mkungu ukiiva, ulikuwa karibu na banda la mbuzi, upande wetu."

Bi. Sikudhani akapenyeza ndizi nyingine.

"Wewe si Shahidi Mkuu? Nenda ukawaambie waangalie tena. Wakikusikia wewe tu, kesho nimetoka." Alipitisha vidole viwili kwenye tundu, akamgusa kiganja. Vilikuwa vya moto sana. "Lakini wahi, bibi. Na mimi tumbo limeanza."

*

Alirudi moja kwa moja kwenye hema la Tume, na matope miguuni. Nje palikuwa na foleni ndefu ya watu wa Kitalu waliobaki, wamekuja kugongewa kadi zao mhuri wa mwezi. Yeye hakupanga foleni. Shahidi Mkuu hapangi foleni.

"Kamishna, nilidanganya," alisema kabla ya kuketi. "Ule mgomba wa mbali ni wa binti yangu. Wa Tindo ni huu wa huku. Nilijua. Mwandike, atoke leo."

Kamishna Ngwembe aliweka kalamu chini. Akainuka, akashusha pazia la hema, akamimina chai kwenye kikombe, akampa.

"Mama, wewe ni nani?"

"Mimi mkunga."

"Hapana. Wewe ni Shahidi Mkuu. Na shahidi aliyedanganya kwa mmoja, kisheria amedanganya kwa wote mia sita na kumi na wawili. Ukiyasema hayo pazia likiwa wazi, kadi zote za Kitalu zinafutika hapo hapo. Hawa wote walio nje wanakuwa hawana jimbo. Asiye na jimbo hana taifa. Nao watapelekwa kule kule, kungoja tuanze upya. Mpango wa kuanza upya upo, ni mzuri sana, utachukua miezi kumi na minne."

"Na aliye hospitali?"

"Hospitali ni ya wenye kadi. Atatolewa kitandani leo." Akatafakari. "Na mtoto, bila shaka. Kitovu chake si bado hakijadondoka?"

"Mshono una siku nne," alisema Bi. Sikudhani.

"Najua, mama. Nimetuma salamu." Akavuta droo, akatoa karatasi. "Kama moyo unakusumbua, Shirikisho limelifikiria hilo pia. Hii ni Fomu ya Majuto, nakala sita. Hapa jimbo la anayejuta. Hapa jimbo la anayejutiwa. Hapo ndipo patakuwa na ugumu kidogo, kwa sababu kijana yule kwa sasa hana."

Bi. Sikudhani aliitazama fomu. Maisha yake yote alikuwa akiingiza vidole gizani na kujua: huyu anapita, huyu hapiti, huyu mgeuze kwanza. Sasa aliwapapasa wote, Mwavita kitandani, mtoto, watu wa nje, na Tindo mwenye vidole vya moto, akatafuta nani ageuzwe na njia iko wapi. Vidole havikumwambia kitu.

"Kwa hiyo," alisema Kamishna kwa ile sauti yake ya kusomea wagonjwa, akichukua kalamu, "Shahidi Mkuu ana la kuongeza katika ushahidi wake?"

Chai ilikuwa imepoa. Nje mtu alikuwa akimtania mwenzake, foleni nzima ikacheka.

"Andika sina," alisema.

Kamishna akaandika. Kisha akampandishia pazia mwenyewe, kwa heshima, akaliinua juu ili asiiname.

Watu walipomwona akitoka waliacha kucheka, wakasimama wima, wanaume wakavua kofia. Kulikuwa na Shani binti Kauchumbe, kulikuwa na diwani, kulikuwa na mama yule kipofu ameshikwa mkono, wote ambao mikono yake iliwagusa kabla ya mikono ya mtu mwingine yeyote. Foleni ilikuwa ndefu, inapita mlango wa hospitali, inakata kona.

"Shikamoo, mkunga," alisema wa kwanza.

"Marahaba."

"Shikamoo, mkunga."

"Marahaba."

Hakukuwa na njia nyingine ya kupita. Akaifuata foleni, akiwaitikia mmoja mmoja.